Riwaya Niliyommalizia Bibi

Mwezi uliopita nilikwenda Columbus kumtembelea dada yangu, nikakuta mezani pake riwaya ambayo binti yake amepewa shuleni. Ndugu yangu, nilitamani kurudi nilikotoka. Kitabu kile nilikijua tangu Louisville, mwaka 2015, nikiwa na miaka kumi na tatu.

Tulikaa mtaa wa Newburg, ghorofa ya pili. Baba na mama walishinda kazini ghalani, kwa hiyo alasiri zangu zilikuwa za bibi. Nikishuka basi la shule namkuta anatwanga sombe, yaani kisamvu, maharage yanatokota, na jirani wa chini anatugongea dari kwa mpini wa ufagio. Mwalimu alitaka tusome kurasa ishirini kila siku. Bibi, asiyejua Kiingereza, alizitaka zizo hizo kwa Kiswahili.

Ilikuwa habari ya familia ya huko Kusini mwa Marekani: mama mjane, shamba, watoto waliotawanyika, na kijana mmoja aliyetoweka. Bibi aliuliza ng'ombe wa yule mama walikuwa wa rangi gani. Kitabu hakikusema, nikamwambia ni wekundu, wenye pembe ndefu kama wa kwetu. Alifurahi mno, nami nikaonja utamu wa kudanganya.

Sasa sikia kosa langu. Baba mdogo alipotea tulipokimbia kutoka milima ya Kivu, na miaka yote bibi alikataa kumfanyia mwanawe kilio. Mwaka ule ndipo alipokubali watu waitwe, waombe, walie, habari ifungwe. Wiki moja kabla ya siku hiyo, kurasa sitini zikiwa zimebaki, wenzangu waliniita nje tukaruke kamba. Nikafunga kitabu, nikasema yule kijana alirudi kwa mama yake.

“Donc alirudia?” bibi aliuliza kwa Kiswahili chetu cha Kongo, chenye Kifaransa ndani, akiwa ameacha kutwanga. “Kisha miaka yote ile?”

“Ndiyo, bibi. Alirudia.”

“Bon. Basi hatutalia mutu mwenye angali muzima.”

Kilio kikafutwa. Baba alimbembeleza, mchungaji naye akambembeleza, wapi! Mimi nilinyamaza, kwanza kwa kuogopa kuchapwa, baadaye kwa aibu. Tulipohamia Buffalo, kila mara alimuuliza baba kama ndugu waliobaki Uvira, kule Kivu, wamepewa anwani yetu mpya, mwanawe asije akapotea njia. Bibi alifia Buffalo, nyumbani kwetu mtaa wa Riverside. Msibani watu walinisifu kwamba nilimpa mama mzee tumaini, na nilikaribia kuwaamini.

Columbus nilizisoma zile kurasa sitini. Kijana harudi. Mama yake anaita majirani, anazika nguo zake, analia mpaka sauti inakauka, kisha analala usingizi mzito kwa mara ya kwanza tangu mwanawe atoweke.

Usingizi ule ulikuwa haki ya bibi, na mimi ndiye niliyemnyima. Baba hajui. Kwake mimi bado ni yule mtoto mwema aliyekuwa akimsomea mama yake.