Unyayo wa Mlangoni

Mama yangu alikuwa na msemo wake, na kila alipousema ulijua mazungumzo yamekwisha: "Wanaoogeshwa ni wawili tu, mtoto mchanga na maiti. Mimi si mmoja wao."

Alianza kuusema mwaka ule macho yake yalipozimika kabisa, miaka minane iliyopita. Mama alikuwa dobi. Miaka arobaini alifua mashuka ya watu, akalitambua doa la chai kwa kulipapasa tu, sasa aje binti yake amshikie sabuni? Thubutu! Mimi ndiye kitinda mimba, niliyerudi nyumbani baada ya ndoa kunishinda, na kazi zangu kwake zilikuwa kupika, kufagia na kugombana naye. Kumwogesha hakukuwamo. Kila asubuhi alitupia taulo begani, akaenda bafuni peke yake, akatoka anang'aa, na ole wako umuulize kama anataka msaada.

Siri yake ilikuwa sakafu. Aliimwaga marehemu baba, saruji tupu, na Mungu anisamehe, sijawahi kuona sakafu mbovu kama ile. Lakini mama aliisoma kwa miguu. Mlangoni palikuwa na unyayo mdogo wa kaka yangu, aliyeikanyaga saruji ingali mbichi akiwa na miaka minne, akala kofi moja zito. Mama akiingia aliutafuta ule unyayo kwa kidole gumba, akageuka vile vidole vyake vilivyoelekea. Hatua mbili, anakuta ufa. Akivuka ufa, kokoto zilizochomoza, na hapo ndipo ndoo ilipo. Kushoto kwa ndoo sakafu ilibonyea, ndiko tundu la maji. Kurudi, anautafuta unyayo tena, anafuata kisigino chake, mlango huo. "Mwanangu ananitoa nje," alikuwa akisema, kisha anacheka peke yake kama aliyeiba kitu.

Huyo mwanawe akakua, akawa fundi wa vigae. Watu wanamwita Pima Maji, kwa sababu hata ukimwalika chakula hutazama kwanza kama meza imelala sawa. Ni fundi kweli, sitamnyima haki yake. Nyumba za wenye nacho zimejaa kazi ya mkono wake.

Basi bomba lililopita chini ya bafu likapasuka. Maji yakapanda ukutani, kuta za chumba cha mama zikavimba, plasta ikaanza kudondoka juu ya mto wake. Sakafu ilibidi ivunjwe, hilo sibishani na mtu. Kaka akaja na tindo, nyundo na furaha yake yote. Alitaka kumpa mama bafu ambalo hakuna jirani aliyenalo.

Nikamvuta pembeni. "Kaka, vunja kote, ila pale mlangoni paache. Ukate kile kipande chenye unyayo, ukizungushie vigae vyako."

"Unyayo gani? Ule wangu?" Akacheka. "Lile ndilo kosa langu la kwanza kwenye sakafu. Niache nilisahihishe."

"Mama anashika njia kwa huo unyayo. Nakwambia ninachokijua."

"Sikiliza, mdogo wangu. Kigae cha kwanza huanzia mlangoni, tena kizima. Vipande vinakwenda kule nyuma ya ndoo, ambako hakuna anayetazama. Mtu akifungua mlango, jicho lake likutane na kigae kizima. Nikiweka kiraka pale, jina langu limekwisha."

"Jicho la nani? Mama haoni!"

"Wageni wanaona," akasema. Tena bila haya. "Na mama atazoea. Kipya kinyemi."

"Usiikate katikati," nikamwambia. "Malizia: ingawa kidonda."

Nikaenda kwa mama nikamwomba aseme mwenyewe. Akakataa katakata. "Mtoto anataka kunipa zawadi. Nimwambie nini, kwamba nalitegemea kofi nililompiga?" Pale nilimkasirikia yeye kuliko kaka. Wazazi wana ugonjwa huu wa kuwaficha watoto wao wa kiume ukweli, halafu sisi tulio nyumbani ndio tunaolala na huo ukweli.

Siku ya kwanza nyundo ilianzia mlangoni. Unyayo ulitoka vipande vitatu, ukaingia kwenye gunia pamoja na kifusi kingine. Baada ya hapo ilikuwa kazi safi, nakiri. Alibadilisha bomba, akamwaga tabaka jipya, akavuta uzi, akaloweka vigae kwenye beseni hadi vikaacha kutoa mapovu. Alivipanga vikavu kwanza, kisha akavilaza kimoja kimoja, anakigonga kwa nyundo ya mpira na kuinamisha sikio, kama kinalia utupu anaking'oa, anaanza upya. Alihamisha tundu la maji likakaa katikati, mteremko ukalielekea toka pande zote nne. Akapandisha vigae ukutani hadi mabegani, na vyote, chini na juu, vilikuwa vya aina moja. "Hivi haviteleza… haviteleziki hata kwa sabuni," akajigamba, ulimi ukimgongana kwa furaha. Siku zote hizo mama alijifutafuta chumbani kwake kwa beseni, mlango ameufunga, anahesabu siku.

Saruji ya maungio ilipokauka kaka akawaleta shangazi na majirani waje kuona. Wakaona. Wakasema bafu kama la hotelini. Mama akakanyaga kwa miguu mitupu, akasimama pale pale mlangoni, akapapasa kwa kidole gumba huku na huku. Hakukuwa na kitu. "Laini," akasema. "Laini kabisa. Ahsante, baba." Kaka alikaribia kulia. Mimi nilitoka nje.

Kesho yake asubuhi aliingia na taulo lake. Nikaosha vyombo, nikafagia, nikaanika nguo, bado hajatoka. Nikabisha hodi, kimya. Nikafungua.

Mama yangu alikuwa amechutama kwenye kona, uchi, sabuni imemkaukia mgongoni, viganja viwili vimeganda ukutani. Hakuanguka. Alikuwa amepotea. Chumba cha hatua tatu kwa mbili, mtu aliyekijua kuliko jina lake, alizunguka humo akigusa kigae, na kigae, na kigae, akigeuka kabla hajaumaliza ukuta, asijue mlango uko wapi. Na hakuita. Afadhali angeita!

Nilipompigia kaka simu sikumsalimu. "Uliimwagia maji ile sakafu ukayafuata yanakokwenda, sivyo? Uliipima kwa kila chombo ulichonacho?"

"Niliipima. Kwani imefanya nini?"

"Ulifumba macho hata mara moja?"

Alikuja jioni ile ile. Haki yake nampa tena: hakujitetea. Alipachika chuma cha kushikia ukutani. Kisha akapiga magoti mlangoni, akakivunja kile kigae chake cha kwanza, kizima, akamwaga saruji, akavua kiatu, akaikanyaga. Mtu mzima na mvi zake. Tukasubiri siku tatu ikauke.

Mama akaletwa. Akatia kidole, akakitembeza kwenye ukingo, akaingiza mguu mzima.

"Huyu nani?"

"Ni mimi, mama."

"Umekuwa mkubwa mno," akasema polepole. "Mguu wangu unapotea humu." Akapiga hatua moja, ya pili, akasimama. Hapakuwa na ufa. Akarudi nyuma hadi akanigonga kifuani, akaushika mkono wangu. Miaka minane hajanishika hivyo. "Ile niliisoma nikiwa bado nina nguvu," akasema. "Hii nitaisoma lini?"

Kaka alitaka kusema neno. Nikamtolea jicho. Maji yakimwagika hayazoleki, hata ufundi uwe wa namna gani.

Siku iliyofuata niliingia naye. Nikamkalisha kwenye kigoda, nikachota maji, nikayajaribu kwa kiwiko. Alijifunika kifua kwa mikono miwili, mbele yangu mimi niliyenyonya hapo. Kaka alikuwa amesimama nje ya mlango, nilimsikia akihema. Nikaanza na mabega. Nikapita mgongoni. Nikafika kwenye miguu, nikaziosha zile nyayo zake katikati ya vidole.

"Mwanangu," akasema, "kati ya wale wawili, mimi sasa ni yupi?"

Nikammwagia maji.