Kitumbo cha Ukuta wa Baraza

Nilirudi mtaani kwetu Kibokoni na shahada ya hesabu mwaka ambao serikali haikuwa ikiajiri walimu. Nilikuwa na ujuzi mwingi na asubuhi nyingi za kuutumia, na mahali pekee pa kuutumia palikuwa baraza ya nyumba ya babu yangu, ambako wazee wa mtaa waliketi kunywa kahawa na mimi nikiketi kubishana nao. Kila walilosema niliwauliza wamelijuaje. Mmoja akisema joto kama la mwaka huu halijapata kuonekana, nilitaka kujua amelilinganisha na nini. Walinivumilia kama mtu anavyoivumilia redio ya jirani, kwa kupaza sauti zao.

Nyuma ya baraza hiyo ukuta ulikuwa na kitumbo. Ndivyo tulivyokiita tangu utotoni, na hakuna aliyekiona kuwa kasoro. Ukuta ulianza kutokeza kidogo kidogo juu ya kikalio cha baraza, ukashiba usawa wa kiuno cha mtu aliyeketi, kisha ukarudi nyuma taratibu. Ukiuegemea ulikupokea pale penye uchovu hasa. Kila mzee alikuwa na mahali pake, na mgeni aliyekaa pasipo pake aliondoka mgongo ukimuuma. Kila mwaka, Ramadhani ikikaribia, kitumbo kilipigwa lipu mpya na kupakwa chokaa, kikang'ara kama cha mtoto aliyetoka kuogeshwa.

Babu alifariki masika yakielekea kwisha. Bibi akaingia eda katika chumba cha chini, upande wa pili wa ukuta huo huo: miezi minne na siku kumi za kukaa ndani, bila kutoka ila kwa dharura, na bila kuonwa na mwanamume asiyekuwa wa damu yake ya karibu. Mimi mjukuu niliruhusiwa kuingia, basi nikawa mpeleka habari kati ya chumba na baraza. Bibi alitaka kujua kila lililosemwa nje, kisha akalitolea hukumu huku akishona kofia.

Mvua za mwaka ule hazikujua kupumzika. Katika kichochoro cha tatu kutoka kwetu ukuta wa nyumba ya zamani ulianguka alasiri moja. Haukumuumiza mtu, ulivunja kabati la vyombo tu, lakini ofisi iliyosimamia majengo ilishtuka ikamtuma mkaguzi apite nyumba hadi nyumba.

Alikuwa kijana wa rika langu, mtu wa bara ya karibu, huko nyuma ya pwani, aliyevuka kwa feri kila asubuhi kutoka Likoni na bado viatu vyake vikafika vikimeta. Aliwaamkia wazee kwa adabu, akawaomba wasimame, akakiangalia kitumbo kwa muda mrefu. Kisha akakipapasa.

"Ukuta huu ni konveksi," alisema.

"Ni nani?" aliuliza ami yangu, ndugu mdogo wa babangu, aliyekuwa na makazi yake kwenye maghorofa ya Buxton lakini mgongo wake ulikuwa umejiandikisha kwetu.

"Konveksi, mzee. Ni hatari. Nje ukitokeza hivi, ndani umeingia. Maana yake mawe yamesukumwa. Naweza kuona ndani?"

"Ndani mna mwenye eda."

Mkaguzi alirudi nyuma hatua moja, kama aliyekanyaga mkeka wa watu kwa viatu. "Hata kwetu mjane huheshimiwa," alisema. "Basi nitahukumu kwa ninachokiona." Akatoa kopo la rangi, akachora X nyekundu juu ya kitumbo, na kutuambia kwamba mwezi ukiisha nyumba iwe tupu, au tuwe tumemwonyesha kwamba ukuta ni mzima.

Alipokwenda, wazee waliketi tena, mmoja akikwepa rangi mbichi, na wote wakanigeukia. Ilikuwa mara ya kwanza kwa baraza ile kuniuliza mimi kitu.

"Haya, msomi," alisema ami. "Hiyo konveksi ni ugonjwa gani?"

Nilifurahi kupita kiasi. Niliwaambia kwamba kwa Kiswahili cha vitabuni huitwa mbinuko, kwamba lenzi ya miwani ya kusomea imebinuka, na kwamba kinyume chake ni mbonyeo, kama ndani ya bakuli. Hapo ningenyamaza ningeheshimiwa. Lakini niliendelea: katika hesabu neno hili lina maana kali zaidi. Chukua umbo lolote, chagua nukta mbili popote ndani yake, ziunganishe kwa mstari ulionyooka. Mstari ukibaki ndani daima, umbo ni konveksi. Ukitoka nje hata mara moja, si konveksi.

"Chungwa?" aliuliza mzee muuza ubani.

"Ndiyo."

"Ndizi?"

"Siyo. Ukiunganisha ncha na ncha mstari unapita hewani."

"Sambusa?"

"Ndiyo, kama imefungwa vizuri."

"Na tumbo la ami yako?"

"Hilo halina shaka," alijibu mwingine kabla yangu, na ami akalishika tumbo lake kwa mikono miwili kana kwamba mkaguzi angelirudia na kopo.

"Na Kibokoni?" aliuliza muuza ubani. "Nikichora mstari kutoka kwangu hadi msikitini?"

"Utapita jikoni kwa watu sita."

"Basi Kibokoni si konveksi. Tuko salama." Walicheka. Kisha ami akatazama mlango wa chumba cha bibi, na kicheko kikaisha.

Kwa sababu jambo lenyewe ndilo hilo. Ukuta ukihukumiwa, bibi angetolewa ndani ya eda yake, apakiwe garini na kupelekwa orofa ya pili huko Buxton, kwenye nyumba ambayo madirisha yake yalitazamana na madirisha ya watu. Ami alikuwa tayari ameanza kuhesabu vitanda. Nilitumwa kwa ustadhi wa mtaa, naye akasema sheria haina ugumu: nyumba ikihofiwa kuanguka, hiyo ni dharura, mwenye eda huhama na eda yake haivunjiki. Hata kuhamia chumba kingine ili mkaguzi aingie, hakuna ubaya wowote.

Nilimpelekea bibi habari hizo nikiamini nimemletea zawadi.

"Dharura ni kuhofu," alisema, sindano ikiendelea kupenya kofia. "Nani ahofu?"

"Mkaguzi. Ami. Mimi."

"Basi hameni nyinyi."

"Chumba cha juu je, bibi? Saa moja tu."

"Magoti haya yapande ngazi kwa ajili ya mtu wa kuja kutazama ukuta? Ustadhi kaniruhusu, Mungu amlipe. Mimi sijajiruhusu. Babu yako katoka chumba hiki amebebwa. Mimi nitatoka kwa miguu yangu, siku yangu ikifika, kwa mlango ule. Kamwambie huyo konveksi."

Nilijaribu kumweleza kwamba konveksi si mtu. Hakutaka kujua.

Nilikaa pale nikiutazama ukuta kwa upande wake. Kila mtu alikuwa amekubali kwamba ndani umebonyea, na mimi, mwenye kuuliza watu wamejuaje, sikuwa nimeuliza. Chumba kilikuwa na giza la mchana, na kitanda kilisimama mbele ya ukuta. Nilikisogeza, nikamwomba bibi uzi wake wa kofia.

"Wa nini?"

"Wa kupimia. Shika ncha hii, uibane kwenye pembe ya ukuta."

"Wanifunga?"

"Nakupa kazi ya mhandisi. Ukuta ukiwa umenyooka, uzi utaugusa mahali pote. Ukiwa umebonyea, hapa katikati patakuwa na uwazi."

Tuliuvuta. Uzi uligusa katikati, ukagoma kugusa pembeni. Kwa upande wangu vidole vyangu vitatu vilipita kati ya uzi na ukuta. Niliushusha, nikaupandisha, nikamwomba bibi tubadilishane pembe. Matokeo hayakubadilika.

"Umetokeza huku pia," nilisema.

"Ndiyo unajua leo? Hiki kitumbo cha ndani ndicho nilichoegemea kila nikinyonyesha. Babako kalelewa hapo."

"Mbona hukusema?"

"Nani kaniuliza? Nyote mwauliza cha nje."

"Na kimetoka wapi?"

Alinitazama kwa huruma, kama mtu aliyeulizwa vumbi hutoka wapi. "Huko nje, kila Shaabani babu yako alimwita fundi apige lipu. Kukwangua ile ya mwaka jana akaona ni kuharibu, si bado nzima? Basi ikapigwa juu yake. Na mahali migongo ya wale wazee ilipomenya, hapo alisema paongezwe kidogo zaidi, wageni wasiumie. Sasa mimi nikiona nje kumependeza, nikae ndani na ukuta wa mwaka jana? Fundi akimaliza nje nilimwita huku. Akiweka babu yako kibao kimoja cha lipu, mimi nilitaka viwili."

Miaka yote ya ndoa yao walikuwa wakishindana kwa chokaa, mmoja kila upande, na ukuta katikati ukinenepa kwa mapenzi yao.

Mkaguzi aliporudi nilimpa habari hiyo kwenye baraza, na uzi kama ushahidi.

"Ukuta hauwezi kutokeza pande zote mbili," alisema.

"Kwa hesabu unaweza. Ziko lenzi za namna hiyo."

"Hiyo ni kioo, ndugu yangu. Haya ni mawe."

"Wewe umeyaona mawe?"

Alikitazama kitumbo upya kabla ya kujibu. Nilimpenda kwa hilo. Sikuwa nimezoea kumuuliza mtu jambo akafikiri kwanza. "Sijayaona," alikiri. "Kwangueni, tuyaone."

Ami alilia kama aliyeambiwa akwangue mgongo wake mwenyewe, lakini fundi aliitwa. X nyekundu ndiyo iliyoanguka kwanza, kipande kizima, ikavunjika miguuni petu. Chini yake zilitokea rangi moja baada ya nyingine, nyeupe, samawati hafifu, kijani, nyeupe tena, manjano ya siagi, na wazee wakasogea karibu.

"Hiyo samawati ndiyo mwaka niliposa," alisema muuza ubani.

"Muongo wewe. Uliposa mwaka wa kijani."

"Basi niliposa mara mbili."

"Na mara mbili walikunyima."

Jua lilipopinda, mawe ya matumbawe yalikuwa wazi. Mkaguzi alitundika timazi yake juu, uzi ukashuka na kulala sambamba na ukuta kama ulionyooshwa kwa pasi. Mawe hayakuwa yamesukumwa hata kidogo. Nilianza kutafuta maneno ya ushindi yasiyoonekana kuwa ya ushindi, na nadhani nilikuwa nimeyapata, fundi alipoita kutoka upande wa mlango wa chumba cha bibi.

Pale lipu ilipobanduka kando ya fremu palikuwa na ufa ulioshuka kutoka juu, kalamu ingepita. Mkaguzi alichokoa kwa bisibisi boriti iliyobeba ukuta juu ya mlango, na bisibisi ikaingia mpaka kwenye mpini. Mchwa. Boriti ilikuwa imebaki ganda. Lipu ya kila Shaabani ilikuwa imeifunika vizuri sana, na sisi sote, yeye kwa kopo lake na mimi kwa uzi wangu, tulikuwa tumelitazama tumbo.

"Hii ndiyo ingetuua," alisema mkaguzi polepole.

"Kwa hiyo konveksi haikuwa na makosa?" aliuliza ami.

"Haikuwa na makosa, mzee. Hatari haikuwa hapo."

Boriti ingeweza kubadilishwa kwa nje, ukuta ukiwa umetegemezwa kwa miti, chumba kisiguswe. Nilimwomba bibi, kazi ikiendelea, asogeze kitanda chake mbali na upande wa mlango. Hilo alijiruhusu, akidai ni kwa sababu ya vumbi. Mkaguzi alikuja mara mbili kusimamia, akasimama mgongo wake ukielekea mlangoni, na bibi akaniagiza nimpelekee kahawa na kumwambia kwamba vijana wa siku hizi wanagonga mno. Hakuchora tena X. Mimi na yeye tulikuwa kila mmoja amepatia nusu na kukosa nusu. Bibi, ambaye hakuwa amesema lolote kuhusu ukuta ila kwamba hatoki, ndiye aliyepata chote alichotaka.

Siku yake ilipofika alioga, akavaa, akatoka kwa mlango ule, kwa miguu yake, akiwa ameshika mkono wangu kwa sababu ya kizingiti tu. Alisimama kichochoroni akiuangalia ukuta ulionyooka. Wazee walikuwa wameondoka kwenye baraza kumpisha, ingawa ukweli ni kwamba tangu kitumbo kiondoke walikaa muda mfupi na kulalamika muda mrefu.

"Mbona nyumba imekonda hivi?" alisema. "Imekonda kuliko mimi."

"Ndivyo ilivyojengwa, bibi. Imenyooka."

"Imekonda. Shaabani ikiandama, mwite fundi."

Nilimweleza yale yote tena, tabaka juu ya tabaka, na kwamba lazima fundi akwangue kwanza, na kwamba vinginevyo kitumbo kitarudi, na mchwa wakipita hatutawaona. Alisikiliza mpaka mwisho, jambo ambalo si kawaida yake.

"Pale juu ya mlango paache wazi, muone mnavyotaka kuona," alisema. "Kwingine kote atie lipu."

"Utatokeza tena."

"Na utokeze. Akija tena yule kijana wa konveksi, mimi sina eda. Mwambie avue viatu, nitamkaribisha ndani aje aone mwenyewe."