Jamaa alichonga ng'ombe kwenye punje ya uwele, mchumba wangu akaenda naye

Wakuu, wakubwa zangu shikamooni, wadogo marahaba. Mjukuu kanifungulia ID jana, leo naanza na uzi. Haya yamenikuta mwenyewe, sijaongeza chumvi.

Miaka ile ya vijiji vya ujamaa tulihamishiwa kijiji kimoja, mwendo wa asubuhi nzima kutoka Nduguti.

Nilikuwa na mchumba, nimwite Tabita. Kwao Nduguti, ila alifanya kazi zahanati ya kijijini kwetu, anapima malaria kwa hadubini. Ng'ombe wangu wa kwanza wa mahari alishafika kwa baba yake.

Sasa kulikuwa na jamaa anaitwa Msengi. Huyu bwana alichonga punje za uwele. Ndiyo, uwele huu wa ugali. Alikuwa na sindano ya kushonea aliyoinoa mpaka basi, anabana pumzi, anakwangua. Eti hapo anachonga ng'ombe, mbuzi, watu, nyumba.

Kwa macho huoni kitu. Lazima hadubini, na hadubini iko kwa Tabita.

Mnaelewa ninakoelekea.

Tukitoka shamba la kijiji, mimi narudisha maksai na plau, Msengi ananawa anaenda zahanati. Kijiji kizima fundi, fundi. Mimi nalima na ng'ombe wa kweli, anasifiwa mwenye ng'ombe asiyeonekana. Wivu ulinijaa wakuu.

Siku moja nikaingia pale bila hodi. Nikawakuta bega kwa bega, wanapokezana kuchungulia. Nikasema na mimi nataka kuiona hiyo kazi.

Nikaweka jicho. Nikaona vijiti vyeusi, vinene, vimejipanga. Sikutaka kuonekana mshamba, nikamwambia Msengi miguu ya ng'ombe kaipatia, ila kaweka mingi.

"Hizo ni kope zako," Tabita akasema.

Wakacheka. Ila kabla ya kucheka walitazamana kwanza, na hilo ndilo liliniuma.

Akanielekeza nirudishe jicho nyuma kidogo. Nikarudisha, ng'ombe akatokea. Nundu, mkia, pembe, na sikio la kushoto limekatika nusu.

Nikamtambua. Yule alikuwa ng'ombe wangu wa mahari. Sikio lile aling'atwa na fisi akiwa tayari zizini kwa baba yake Tabita. Kumjua vile lazima uwe umekaa kwenye zizi lile, tena siyo mara moja.

"Ulimwona wapi?" nikamuuliza Msengi.

Aliyejibu ni Tabita: "Nyumbani."

Uchumba ukaishia hapo. Ng'ombe akarudishwa kwangu, wao wakaoana.

Nikawa namkamua kila asubuhi, sikio lile liko mbele yangu, natafuta Msengi alikosea wapi. Sikupata. Hadi mkunjo wake kaupatia.

Nilichojifunza: mtu akisifiwa kwa kitu usichokiona, usikidharau, nenda kachungulie mapema. Mimi nilichelewa. Na msinidanganye kwamba wivu unaisha na umri, bado ninao.

Haya, nyie mngekuwa mimi, yule ng'ombe mngemkamua au mngemchinja? Nawasoma.