Kila Siku ya Soko Nilivuka, Leo Wananiambia Sina Hofu

Admin, ficha jina langu. Na wewe unayesoma, ukinitambua kwa kisa hiki, tafadhali funga mdomo wako. Nina hasira, na nitaandika hivyo hivyo nilivyo.

Mimi ni mjane wa miaka thelathini na tatu, mama wa mabinti wawili. Kwetu ni Tororo, Uganda, karibu na Nagongera. Mume wangu alipofariki, hata matanga hayajaisha vizuri, shemeji yangu akatangaza mbele ya ukoo kwamba atanirithi, mimi pamoja na shamba. Nikamwambia mimi si ng'ombe wa marehemu. Tangu siku hiyo nikawa mchawi niliyemla mume wangu. Mchana mmoja nikiwa napalilia mihogo, akaja na binamu zake wakaichoma nyumba yangu. Kwa bahati kaka yangu alikuwa amekuja kututembelea, ndiye aliyewatoa watoto ndani. Shemeji alisimama uani na panga, anapiga kelele: "Huyu mwanamke nikipata yeye, nazika yeye kando ya bwana yake!"

Nilienda kwa mwenyekiti wa kijiji, akasema hayo ni mambo ya ukoo. Nilienda polisi, wakaniuliza kwa nini nisikubali tu yaishe, na wakacheka. Nikahamia Osukuru, huko huko Tororo. Baada ya miezi mitatu shemeji akafika mpaka mlangoni kuniulizia. Ndipo nikavuka na wanangu, nikapanga chumba Busia upande wa Kenya, nikaomba hifadhi ya ukimbizi.

Siku ya mahojiano nilieleza yote. Afisa alikuwa mpole, hata maji aliniletea. Mwishoni akauliza, "Mama, tangu uje, huwa unavuka kwenda Uganda?"

Nikajibu bila kufikiri, "Ndiyo, kila siku ya soko."

Akainua kichwa. "Kila siku ya soko?"

"Eeh. Nachukua matoke pale ng'ambo, nakuja nauza huku."

"Na kuna mtu anakulazimisha?"

Nikacheka, mjinga mimi. "Nani atanilazimisha kwenda soko?"

Ninyi mnaoishi mpakani mnanielewa. Kwetu kuvuka si safari. Mtu anavuka kwenda kusaga mahindi, kunyolewa, kusali, na anarudi kabla chai haijapoa. Soko lile liko hapo hapo mpakani, na kijiji cha shemeji kiko mbali. Sikuficha kwa sababu sikuona cha kuficha.

Barua ikaja. Ombi limekataliwa. Eti mwombaji huingia nchini kwake mara kwa mara kwa hiari yake, kwa hiyo hofu yake haina msingi. Haina msingi! Nyumba yangu ndiyo imebaki msingi peke yake. Niliisoma barua ile nimesimama kati ya matoke yangu, nikatamani kumtupia mtu mkungu mzima.

Nikapata wakili anayewasaidia wakimbizi bure. Akanieleza kwamba ukimbizi haupewi mtu kwa kuwa ameteseka tu. Lazima uonyeshe kwamba hofu yako ni ya kweli, kwamba serikali ya kwenu haikulindi, na kwamba hakuna kona nyingine ya nchi yako ambako ungekaa salama. Nikamfokea hata yeye. Mambo ya maana namna hiyo, kwa nini mtu aambiwe baada ya kuanguka? Akavumilia, mzee wa watu. Akasema nina siku thelathini za kukata rufaa, na akanipa masharti mawili. La kwanza, nisivuke tena, hata mguu mmoja. La pili, kaka yangu aliyeuona moto aandike ushahidi wake na kutia sahihi, kwa sababu neno langu peke yake halitatosha.

Kaka alikubali. Alisema atakuja Busia wiki hii.

Jumanne mama yetu akafariki. Alikuwa mgonjwa, lakini nani huwa tayari? Kaka akanipigia simu, mazishi ni Jumamosi. Nikamweleza masharti ya wakili huku nalia. Akanikatiza.

"Mama yuko mochari na wewe unaniletea habari za ofisi?"

"Kaka, shemeji akiniona hapo?"

"Atakuona, ndiyo. Ni yeye ameleta ng'ombe."

Kwetu, ng'ombe wa msiba wa mama mkwe huletwa na mkwe, mume wa binti. Mume wangu amekufa. Shemeji ameleta ng'ombe kama mume wangu, na kaka yangu, aliyewabeba wanangu kutoka kwenye moshi, amemfunga ng'ombe huyo uani kwetu. Maana yake nimeshatolewa kwake, mke wa kurithiwa. Kikulacho ki nguoni mwako, wahenga hawakukosea.

Nikamuuliza, "Umempokea?"

"Msiba ni mkubwa, mimi ningefanya nini? Wewe njoo uzike mama yako, tutaongea na yeye kiukoo. Tukizika bila wewe, usinitafute tena. Hiyo karatasi yako ataandika mwingine."

Mwingine nani? Hakuna mwingine aliyeona na akakubali kusema!

Leo ni Alhamisi. Siku za rufaa zinayoyoma. Nikienda, nimejiharibia kesi kwa miguu yangu mwenyewe, na mwenye panga ananisubiri karibu na jeneza la mama. Nisipoenda, sina shahidi, nitakataliwa tena, na mimi na mabinti zangu tutaambiwa turudi kwa mtu yule yule. Nina hasira na kaka, nina hasira na ile barua, nina hasira na mdomo wangu.

Nipeni shauri, nishike lipi? Lakini asiniandikie mtu hapa chini kwamba mama ni mmoja. Najua. Nina watoto wawili ndani ya chumba hiki, na wao pia mama yao ni mmoja.