Filamu ya Mfereji

Saa tisa na nusu alasiri, siku ya Jumapili, niliwasha projekta ya kuazima katika ukumbi wa kanisa kule Maji ya Chai. Naikumbuka vizuri siku hiyo, mwanangu, kwa sababu ndiyo iliyoamua kazi yangu.

Filamu yangu ya kwanza haikuwa na mwigizaji wala neno hata moja. Ilifuata maji ya mfereji tu, kutoka msituni juu ya Mlima Meru mpaka kwenye mashamba ya maharage ya watu wa pale. Kamera nilijifunza mwenyewe, kwa kitabu cha maelekezo na kwa kukosea. Baba, aliyekuwa na duka la vipuri mjini Arusha, alinivumilia kwa sharti moja: watu wakitoka ukumbini kabla filamu haijaisha, nirudi dukani. Nilikubali. Akaja mwenyewe kutoka nyumbani Sekei, akakaa nyuma kabisa, karibu na projekta.

Mwanzoni walitulia. Kisha maji yakafika mahali mfereji unapogawanyika, pale panapozibwa kwa matope na magome ya migomba ili kila shamba lipate maji kwa zamu, na mama mmoja akauliza kwa sauti, "Hiyo zamu ya nani?"

"Ya kwako," akajibu mzee wa mbele. "Ulilala."

"Nilale wapi? Si wewe uliyefungua maji jogoo hajawika?"

Ukumbi ukacheka, na kuanzia hapo hawakunyamaza tena. Walitaja mashamba, wakabishana nani alimwibia nani maji, wakamtambua hata ng'ombe wa jirani aliyekuwa anakunywa. Nami ile sauti ya maji nilikuwa nimeihangaikia kwa majuma mengi. Sasa haikusikika kabisa. Niliona aibu, halafu hasira. Nikainuka nikazime.

Baba akanishika mkono. "Unafanya nini?"

"Nazima, baba. Hawaangalii."

"Kaa chini. Hakuna aliyetoka."

Mwanangu, alikuwa ananihitaji sana dukani. Angeniacha tu nizime, watu wangetoka, naye angenipata.

Nilikaa. Kwa mara ya kwanza nikasikiliza walichokuwa wanasema, nikagundua kwamba filamu yangu ilikuwa imepungukiwa na hicho hicho. Nikawaomba ruhusa, nikarudi na kinasa sauti, nikawaonyesha tena, na mabishano yao nikayaweka juu ya yale maji. Mpaka leo hivyo ndivyo ninavyofanya kazi. Namshukuru baba, na yule mama wa zamu namshukuru pia.

Basi wewe unayetaka kutengeneza filamu zisizofanana na za wengine, watu wakianza kuongea juu ya kazi yako, usiwe na haraka ya kuwanyamazisha. Wasikilize mpaka mwisho, ndipo uamue. Na mtu akikwambia ukweli ambao haumfaidii yeye mwenyewe, mheshimu maisha yako yote.

Mungu aibariki mikono yako, ayape macho yako subira, na kila boma utakaloingia na kamera likupokee kama mtoto wake.