Filamu ya Kumari na Posa Yangu ya Nizwa

Nakumbuka Ijumaa moja, mwanangu, sebuleni kwa Bibi yangu kule Ibra, nimejikunyata pembeni kama mtu aliyefiwa. Jana yake nilikuwa nimekwenda mji wa Nizwa kumposa Rahma, na niliharibu.

Nilikuwa nimemaliza chuo kikuu mwaka ule, na hapakuwa na jambo nisilolipindua mara kumi kichwani. Sasa, kwetu kijana akienda kuposa hukaa kimya, wakubwa ndio wasemao. Ami Nasir, ndugu wa baba yangu, alianza vizuri. Mimi, kwa wasiwasi, nikasahau kukitikisa kikombe changu cha kahawa kuonyesha nimetosheka, na kaka yake Rahma akawa anajaza tu. Nikanywa kimoja baada ya kingine. Kisha nikamkatiza Ami. Nikamwambia baba yake Rahma, kwa ukweli wote, kwamba sina kazi, huenda nisiipate, na tena ukoo wetu una maradhi ya sukari.

"Umekuja kuposa," mzee akauliza, "au kutuonya?"

Basi Ijumaa ile nilikuwa nimeapa sirudi Nizwa. Kumari, mama wa Kisinhala kutoka ng'ambo aliyemtunza Bibi, alikuwa na kanda ya filamu ya zamani ya kwao, mapenzi na nyimbo tupu. Waliitazama wawili hao tangu mimi mdogo, mpaka picha ikaanza kukatika. Bibi hakujua neno la Kisinhala, lakini nyimbo alizijua zote. Siku hiyo Kumari alikuwa ameletewa diski: filamu ile ile, imetengenezwa upya, na waigizaji wapya. Hakutaka kuiweka.

"Wataharibu, Bibi. Mimi naogopa."

"Weka. Wakiharibu, tutawacheka."

Mwanzo Kumari alikaza uso. Ulipofika wimbo wa wapendanao, kwa sauti ngeni kabisa, akaanza kuufuata, akilia na kucheka pamoja. Bibi akampigia makofi, kisha akanigeukia.

"Na wewe utajikunja hapo mpaka lini?"

"Nimeharibu, Bibi. Watu wameshaniona."

"Hawa walikuwa na filamu nzuri, na bado wameirudia. Posa yako ilikuwa mbovu, ndiyo hutaki kuirudia? Mpigie Ami yako."

Wiki ya pili tukarudi Nizwa. Nikanywa kikombe kimoja, nikakitikisa, nikanyamaza.

"Leo huyu mzima?" akauliza baba yake Rahma.

"Leo mzima," Ami akajibu. Majlis nzima, baraza lao la wageni, ikacheka, na posa ikakubaliwa.

Baadaye Rahma aliniambia kwamba ile siku ya kwanza alikuwa nyuma ya mlango, akisikia kila neno. Alicheka mpaka akakaa chini, kisha akamwambia mama yake kuwa mtu asiyeficha hata sukari ya ukoo wake, yeye anamtaka. Mimi wiki nzima nilijiona nimekwisha, kumbe mwenzangu ananingoja nirudi.

Mwanangu, ukiharibu jambo jema, usilikimbie. Omba radhi, rudi, lifanye tena. Usijihukumu kwa niaba ya watu ambao hujawauliza. Mola akupe miguu myepesi ya kurudi ulikokosea, na akujaalie mwenzi atakayecheka pamoja nawe maisha yenu yote.