Kitabu Kinachofunguliwa Kutoka Kulia

Twahiru hupakia saruji kiwandani Bugarama kutwa nzima, na akirudi nyumbani hujitupa mkekani na kitabu chake cha katuni za Kijapani, alichokivika karatasi ya mfuko wa saruji kisichafuke. Ndani yake mfalme kijana amerithi nchi ya vumbi. Anachimba mfereji, na kurasa mbili mbele mpunga umeshaiva, hata maadui wamekaribishwa kula. Hakuna aliyeitisha mkutano. Hilo ndilo linalomkosha Twahiru.

Vitabu hivyo husomwa kutoka kulia. Mama yake, Mukandekezi, ambaye macho yake yamefifia, alipoona kurasa zinageuzwa kama za msahafu, alijua mwanawe hatimaye ameshika dini. Tangu hapo chai ikawa inamfuata mkekani, na wageni wakaombwa kunyamaza.

Juzi mama akamwambia, kwa jina analomdekeza nalo mwanawe, "Papa, unisomee kidogo."

Twahiru akakosa pa kutokea, akamsomea habari za mfalme na mfereji. Mama akasikiliza mpaka mwisho.

"Huyo mufalme ni muntu wa Mungu," akasema. "Alishika jembe yeye mwenyewe?"

"Ndiyo, Maman."

"Basi simama. Mufereji yetu imejaa matope, na mufalme yake iko analala ku mukeka."